Daftari la Vipimo

Ukurasa wa kumi na mbili, penseli imefifia:
Mukeya Sangwa. Kifua thelathini na mbili,
kiuno ishirini na nne. Mkono sikuandika.
Alikuwa na miaka kumi na tisa
na alikuja kupimwa gauni la ajuza.

Ukumbi wa wafanyakazi wa mgodi, Jumapili saa tisa,
baba zetu wakinuka sabuni na moshi wa tanuri.
Kila mchezo ulikuwa na mjane
na kila mjane alikuwa Mukeya.
Nilimshonea kibiongo cha pamba,
nikampaka majivu nyweleni.
Aliinama, akakohoa mara mbili,
na mama yangu, aliyefiwa kweli,
akageuka akaniuliza: huyu amezika wangapi?

Hajazika mtu.
"Ninaangalia tu wanavyokaa," aliniambia.
"Wanagusa kiti kwanza, kama vile kitakataa."

Ukurasa wa arobaini, wino wa bluu.
Mwaka ule redio zilishikwa na ngoma moja,
tu, tu, tu, tu, isiyopumua,
na vijana watano wa Kamalondo wakanunua kinanda cha umeme
kwa pesa ambazo hakuna aliyeuliza zilikotoka.
Wakajiita Mwanga wa Shaba.
Walikuwa na taa nyekundu na kipaza sauti kimoja.
Mwimbaji hawakuwa naye.

"Unipime upya," akasema mlangoni.
"Safari hii mimi ni kijana."
Kiuno kilekile. Mabega yamepanda inchi moja.

Kitambaa cha kumetameta hakikuwepo mjini,
hata kwa Mgiriki mlikuwa na chumvi tu na kufuli.
Nikafumua waya wa mota mbovu,
nikaukatakata, nikaushona punje kwa punje,
usiku nane, vidole vikageuka kijani.
Gauni likapata kilo nne, niliandika pembeni.
Alilivaa akacheka: "Nimebeba mgodi."

Usiku wa kwanza alikuwa mbaya.
Nalisema mimi, daftari halisemi.
Aliwaimbia watu wacheze, wakasimama kumsikiliza,
na disko ikisikilizwa imekufa.
Mpiga besi akamnong'oneza:
"Dada, usimaanishe kila neno."

Akajifunza kutomaanisha. Ilimchukua mwezi.
Baada ya hapo kurasa ishirini ni zake peke yake:
mikono mipana, mikono mifupi, bila mikono,
suruali ya Kipushi, suruali ya Likasi
iliyopasuka katikati ya wimbo
na yeye akageuza kupasuka kuwa mtindo.

Kolwezi umeme ulikatika.
Kinanda kikafa, gitaa likabaki ubao.
Gizani tukasikia kikohozi, mara mbili,
cha mwanamke wa miaka themanini.
Watu mia tatu wakanyamaza.
Ndipo akaimba, polepole, kwa koo tupu,
maneno yaleyale ya kipuuzi kuhusu viatu vya kisigino,
na akayamaanisha.
Taa ziliporudi mpiga besi alikuwa ameketi chini.
Ngoma ikaanza tena. Hakuna aliyelizungumza ndani ya lori.

Juzi mjukuu wake alilipeleka gauni Katuba
kwa wanunuzi wa vyuma.
Likarudi na bei kwenye kipande cha karatasi:
kilo tatu na nusu.
Mukeya akaja kwangu, miwani puani, hajakasirika.
Aligusa kiti kabla ya kukaa. Sikuuliza.
"Wewe uliandika nne. Niangalizie."

Nikafungua. Niliandika nne.
Tukahesabu: punje za sakafu ya Likasi,
za ngazi za lori, za kitanda cha gesti Kipushi
(hapo aliangalia dirishani),
moja aliyoiokota mama yangu
akaifunga kwenye pindo la kitenge pamoja na noti zake.

"Basi nusu kilo bado iko ukumbini," nikasema.
"Au mizani ya Katuba inaiba," akajibu,
akavua miwani, akasimama,
akanyoosha mikono nimpime.