Bapa la Tatu

Huko Vigo, nyuma ya mlango wa bati,
Uxía Lourido anasugua shaba,
bapa la tatu kati ya manne,
akipapasa mpindo kwa kidole gumba
kama apimaye homa kwenye paji la mtoto.

"Rafadha haisukumi meli," amwambia mwanagenzi.
"Inatupa maji nyuma.
Maji hayapendi deni:
yanalipa papo hapo, meli ikaenda."

Na ndege?

"Hewa ni maji mepesi. Yatupe mengi."

Anazima mashine.
Unene wa ukucha ukizidi hapa,
bahari itachemka bila moto,
mapovu yale shaba.

Jumatatu itazamishwa.
Hakuna atakayeiona kazini;
watu wataona mkondo mweupe tu
ukirudi Vigo,
meli ikienda.