Mizani Pungufu

Ghalani Budadiri, msimu ukichanganya,
mimi ndiye ninayesoma namba.
Wanateremka na magunia, punda mbele, bodaboda nyuma,
na kila mmoja ananitazama mdomoni
kana kwamba mtoto wake anasomewa matokeo.

Thelathini na nane, nasema.
Ilikuwa arobaini.

Bwana Wamono hakunifundisha kuiba.
Alinifundisha skrubu:
robo mzunguko, upande wa mlangoni,
kisha stika ya serikali juu yake, safi.
Mwezi huohuo karo ya Mutonyi ikalipwa
hadi shilingi ya mwisho.
Mdogo wangu anasomea uuguzi
kwa kilo mbili mbili za watu
watakaokuja kuugua mbele yake.

Usinionee huruma, wala usinilaani upesi.
Mama Khainza naye hutia changarawe,
za mtoni, ndogo, za rangi ya kahawa yenyewe,
amezichagua kwa makini
kama wengine wanavyozitoa kwenye mchele.
Mimi nampunja, yeye ananiuzia mawe,
tunaulizana habari za watoto.
Lori la Mbale likija, dereva ana mizani yake.
Na huko ng'ambo yanakoishia magunia
kuna mtu ananusa kikombe, anasema: safi.

Shuleni Mwalimu Wopuwa alitufundisha ushairi
kwa vidole: nane, kituo, nane.
Mizani ikipungua, alisema, shairi linachechemea;
hata asiyejua kusoma atalisikia.
Nikaandika nyuma ya kitabu cha risiti:

*Kilo nazo zina siri, ukizitazama vyema,*
*Hushibisha matajiri, mkulima akihema,*
*Nami huandika shwari, kalamu isiyosema,*
*Ipo siku nitakiri, leo bado napima.*

Hesabu mwenyewe mstari wa mwisho.
Nilijaribu kuongeza neno, likazidi.

Jumapili, ghala limefungwa,
nikaazima mfuko wa saruji kwa jirani anayejenga.
Kilo hamsini, umeandikwa.
Mshale ukasimama arobaini na sita.
Nikataka kushangilia, nikaishiwa nguvu:
hapa anayedanganya ni mizani, au ni saruji?
Ukuta wa jirani unapanda kwa kiasi gani cha uongo,
na nani atalala chini yake?

Nikashuka Mto Sironko na jerikeni.
Maji hayajafungashwa na mtu.
Lita ishirini ni kilo ishirini,
hilo hakuna tajiri aliyelitunga.
Nikapima, nikatoa uzito wa jerikeni tupu:
kumi na tisa.
Lakini jerikeni nayo, nani aliipima?

Nilikaa juu ya gunia tupu hadi jua likapita mlango.
Sijui kama lipo jiwe la kwanza,
lile lisilopimwa kwa jingine.
Nikageuza skrubu kwa kadiri ya maji yale,
nikijua huenda bado kuna kosa,
ila sasa ni kosa lisilo na wa kufaidi.

Jumatatu, Mama Khainza.
Arobaini na moja, nikasema.
Midomo yake ikairudia namba bila sauti.
Akaniomba nipime tena. Nikapima tena.
Alizihesabu pesa mara tatu,
akaondoka kwa haraka ya mtu aliyeiba.

Jumatano amerudi. Changarawe zilezile.
Nimezisikia zikigongana chini ya gunia,
nikasoma namba yote, na mawe yake,
kwa sababu sijajua bado nianzie wapi
kumwambia, mimi.

Bwana Wamono yuko Mbale, anarudi kesho
na daftari lake na macho yake ya hesabu.
Mutonyi amepiga simu mara mbili,
muhula unafunguliwa.
Kitabu cha risiti kiko wazi gotini,
vidole vimefika kumi na tano.
Natafuta silabi moja.