Misumari kwa Urefu Wake

Mlango wa nyuma wa duka la vifaa, Duluth,
usiku wa Februari, baridi ya kugandisha mate:
kaka yangu Verner aliupiga teke mara mbili,
akaingia, akavua viatu vyake vya theluji,
akaviweka pembeni kama mgeni mwenye adabu,
kisha akamwaga misumari yote sakafuni
akaanza kuipanga kwa urefu wake.
Polisi walimkuta kwenye inchi mbili na nusu.
"Nipeni dakika kumi," aliwaambia.
"Nisipomaliza, daraja litaanguka."

Daraja lipo. Nalivuka kila Alhamisi
kwenda kumtazama nyuma ya kioo.

Karatasi inasema: kuvunja na kuingia
kwa nia ya kutenda kosa.
Nia.
Neno dogo, lakaa kwenye ncha ya ulimi.
Naligeuza kama nguo iliyovaliwa nje ndani,
natafuta mshono.

Hakimu Pruitt hakuwa mtu mbaya. Aliuliza:
"Bwana Halvorsen, unafahamu kwa nini uko hapa?"
Verner alikuwa akihesabu taa za dari.
"Moja imekufa," alijibu.
Na kweli, moja ilikuwa imekufa.
Ni mimi peke yangu niliyeinua macho.

Hafai kushtakiwa, wakaandika,
na mimi, mjinga, nikashusha pumzi:
nilidhani asiyefaa kushtakiwa hurudishwa kwao.
Kumbe husubiri. Hospitali haina kitanda.
Siku tisini na saba alingoja kitanda
akiwa amelala juu ya kitanda cha jela,
mgonjwa mno asihukumiwe,
na mbele yake wagonjwa kumi na tisa.
Mwizi mwenye akili zake timamu,
aliyefungiwa siku moja naye,
alikiri, akalipa, akatoka Machi.
Nilimwona kwenye foleni ya benki, ananyoa ndevu vizuri.

Mama aliuliza kwenye simu: "Wamempa dawa?"
"Bado."
"Basi wamempa nini?"
"Namba."

Kitanda kilipopatikana, kilikuja na darasa.
Jumanne na Ijumaa, viti kumi, ubao mweupe,
mwalimu Kowalczyk na kikohozi chake.
Walifundishwa mahakama
kama watoto wanavyofundishwa sala.
Verner akayachukua yale majibu, akayapanga,
akanisomea kwa simu, pole pole, bila kukosea:

*Hakimu ndiye mwamuzi, akaa juu kitini,*
*Wakili ni mtetezi, siri zangu namwamini,*
*Mshitaki si mwokozi, anitaka gerezani,*
*Kukiri kosa ni wazi, ni kuacha ushindani.*

"Unaelewa maana yake?"
Kimya. Nikasikia mlango wa chuma, mbali.
"Imelingana, dada," alisema.
"Hakuna hata mmoja unaochomoza."

Dawa ilimnenepesha, ikamtetemesha vidole.
Daraja hakulitaja tena.
Nilipaswa kufurahi. Nilifurahi.
Ila walimponya hadi pale tu
mtu anapoweza kusimama kizimbani,
si hatua moja zaidi.

Agosti, daktari akaandika neno moja: Amefaa.
Shtaka likapunguzwa, akakiri
kwa sauti ya mwanafunzi bora,
akapewa siku tisini.
Alikuwa ameshakaa mia moja themanini na moja.
Nilimwuliza wakili nani hurudisha chenji.
Alifunga mkoba.

Wakamtoa saa kumi na dakika arobaini jioni,
jua likichoma lami,
na mfuko wa karatasi, vidonge vya siku saba,
na viatu vya theluji.

Alivipakata garini kama paka.
Tulipofika darajani nikapunguza mwendo,
sijui kwa nini.
"Liko imara?" akauliza.
"Liko imara."
Akaanza kuhesabu nguzo, midomo tu ikicheza,
hadi ng'ambo.
Sikumwambia kwamba zangu
zilipungua moja.