Kidole kwenye Njia ya Tano

Hawanitazami mpaka mikro ipige mluzi.
Hapo shingo zote za Kadutu hugeuka nyuma,
pamoja na ya bwana harusi.

Meza yangu ina njia kumi na mbili. Ya saba ilikufa
mvua ya Pasaka ilipopenya bati;
niliibandika plasta, nikaandika: pumzika.
Nne ni za ngoma. Halafu gitaa la Mugisho,
ambaye kila wimbo anaomba, "Niongeze kidogo,"
nami nazungusha kitufe kisichoshika kitu,
naye ananyoosha dole gumba: sasa safi.

Kisha mikro akapewa Mama Cibalonza, mzaa bibi harusi.
Aliishika mbali na mwili, kama kuku wa jirani.
Maneno mawili, sauti ikazama.
Nikakata besi, nikapunguza ukali,
nikasukuma njia ya tano upana wa ukucha,
tena ukucha,
jinsi unavyomfunika mtoto usingizini.
Hakuna aliyegeuka. Hiyo ndiyo sifa yangu.

"Baba yake," alisema, "aliacha shati moja tu, na hilo shati..."
umeme ukakatika.
Vitaa vyekundu vikafa. Bafle zikakohoa, zikanyamaza.
Mama hakujua. Aliendelea kukisimulia kile chuma,
na viti vya plastiki vikaanza kuburuzwa mbele,
kimoja, viwili, ukumbi mzima,
mpaka magoti ya watu yakagusa kitenge chake.

Mimi huku nyuma, gizani,
kidole bado kinasukuma.