Ukurasa wa Mia Mbili na Kumi

Vardø, Novemba inakwisha. Jua limeshaaga,
litarudi likipenda, katikati ya Januari.
Saa nane mchana taa za maktaba zinawaka
na Oddvar anaingia na baridi yake mabegani,
vidole vimechubuka kwa kupasua samaki kiwandani,
anauliza lile lile, kwa sauti ya mtu anayeulizia dawa:
"Mwishoni wanapatana?"

Wanapatana, namwambia.
Ndipo anakichukua.

Sijamcheka hata siku moja. Mimi mwenyewe najua fika
kwamba daktari wa mifugo atamkuta mpiga kinanda kivukoni,
mvua inanyesha,
na barua iliyopotea itaonekana ndani ya bitana la koti.
Najua, na bado moyo unanidunda
kama wa mtoto anayesimuliwa kwa mara ya ishirini
akingoja mbwamwitu aanguke.

Huku nje, subira haivuti heri kila siku.
Dada yangu Ragnfrid alisubiri meli, akasubiri simu,
akachoka, akaolewa na mtu wa bima.
Kitabuni hakuna kungoja kunakokwenda bure:
kila dirisha alilosimama mtu kuitazama barabara
limeandikwa mahali, na deni hulipwa.

Na maneno yale! Nani kati yetu amewahi kuyatamka?
Hapa mtu akikupenda anakuondolea theluji mlangoni
kabla hujaamka. Basi.
Husemwa mapenzi ni kikohozi, hayafichiki,
lakini mji mzima unakohoa tangu Oktoba,
utajuaje cha nani ni cha nini?

Jumatatu kitabu kilirudi kikinuka chewa.
Ukikilaza mezani kinajifunua chenyewe
ukurasa wa mia mbili na kumi, pale anaposema
"nilikuwa nakuja, njia ndiyo ilikuwa ndefu,"
na juu ya neno *njia* gamba la samaki
limekauka, linang'aa.

Jumatano mkewe Gudveig akakiazima hicho hicho.
Hakuuliza mwisho.
Jana amekirudisha. Gamba lipo palepale,
na ubavuni mwake uzi mwekundu wa sufu
umelazwa taratibu, kama mtu anayejisogeza usiku
asimwamshe mwenzake.

Kazi yangu ni kusafisha vitabu. Nina brashi, nina gundi.
Nimekifunga jinsi kilivyo.

Oddvar huyo mlangoni, anapangusa miwani,
anataka kingine. "Mwishoni…" anaanza.
Nimemwambia akakisome tena kilekile,
mwisho wake umebadilika kidogo.