Ukoko wa Juu

Vuli imeingia Igogo kwa mlango wa nyuma:
usiku, manyunyu mawili juu ya bati;
asubuhi, majabali yanang'aa kama migongo ya viboko,
na kule ziwani wadudu wamenyanyuka wingu zima,
moshi usio na moto.

Mimi moto ninao.
Jiko la mkaa, sufuria nzito,
nanasi la Sengerema lililoanza kutoa machozi ubavuni,
mapera sita, moja limedokolewa na ndege.
Nimekata pale alipoishia. Sina ugomvi naye.

Miaka thelathini niliwakatia watu tiketi za kivuko.
Mkono huu unajua kuchana karatasi,
haujui macho ya nanasi,
yanavyojificha, yanavyotaka ncha ya kisu na subira.
Mbuke angekuwa amemaliza zamani.
Lakini leo Mbuke ni mgeni:
amekaa kizingitini, miguu ndani ya soksi,
kadi ya kliniki imefungwa pindoni mwa kanga,
namba zake kwa wino mwekundu.

Daktari alisema: *punguza.*
Hakusema *acha.*
Neno hilo nimelibeba kutoka Bugando mpaka hapa
kama mtu aliyebeba yai mdomoni.

Punguza, basi.
Sukari kijiko kimoja, cha chai,
nimekisawazisha kwa kidole
na kidole sikukilamba.
Ndimu nusu, ili utamu uliomo uamke wenyewe.
Kisha unga wa ulezi, konzi mbili,
karanga nilizozitwanga nikaziacha njiani,
si unga, si karanga,
mafuta ya alizeti, mdalasini,
chumvi ya kunusa tu.
Nimefikicha, nimefikicha,
mpaka chenga zikakataa kushikana
kama ndugu baada ya kugawana shamba.

Nikazimwaga juu ya matunda. Nikafunika.
Moto juu, moto chini:
ndivyo yeye alivyooka keki za harusi za mtaa huu,
mfuniko umebeba makaa kichwani
bila ngata.

"Dakika ngapi?" nikauliza.
"Kwani pua yako iko likizo?"

Nikakaa na pua yangu.
Kwanza ikaja harufu ya jiko tu, na vumbi lililolowa.
Halafu mapera.
Halafu kitu kama shamba la ulezi jua likiwa utosini,
na jirani Mama Ng'washi akakohoa ukutani,
kikohozi cha mtu anayetaka kukaribishwa.

Mjukuu, Nkwimba, akachungulia:
"Babu, hiki kinaitwaje?"
Nikatafuta jina. Keki? Si keki.
Mkate? Mkate haulii *kraa* ukiguswa na kijiko.
Nilikuwa nimepika kitu ambacho hakijapewa ubatizo.

Mbuke akapokea kisosi. Akatafuna.
Akatafuna muda mrefu kuliko kitu chenyewe kilivyohitaji.

"Ukoko," akasema.
"Kwetu Misungwi tulikuwa saba, sufuria moja ya wali wa Krismasi.
Wali wa wageni. Ukoko wa aliyewahi.
Huu nao ni ukoko,
umechoka kungoja wageni wamalize,
umepanda juu."

Kisha, bila kunitazama:
"Na lile kopo la sukari ulilolificha nyuma ya debe la mchele,
nilikuona.
Liache hukohuko."

Akanyoosha kisosi. "Ongeza."
"Punguza," nikamjibu,
na tulicheka mpaka soksi moja ikamvuka.

Mvua ikarudi, safari hii kwa mlango wa mbele.
Nilipokwenda kuosha sufuria
nikamkuta ameshaiwahi, ameipakata kama mtoto,
anakwangua kwa kijiko.

Chini nako kulikuwa na ukoko,
mweusi kidogo, wa nanasi.
Huo hatukuupigia hesabu.