Mkono wa Zenovia

Botoșani, baridi ya themanini na tano:
ukumbi hauna moto, umeme ni wa kuvizia.
Zenovia ni malkia, koti la sufu chini ya gauni,
mvuke wa pumzi ukiyatangulia maneno.
Tulimpigia makofi na glavu zetu,
mshindo wa mito ya kulalia.

Filamu alicheza moja.
Wakaguzi wakaikata, wakaikata tena,
ukabaki mkono wake tu, unafunga mlango.

Jana sokoni, kikongwe sasa,
alikuwa akihesabu sarafu za plamu.
Muuzaji akaudaka mkono ule,
usoni hata hakutazama.
«Mama, nyuma ya ule mlango
alikuwako nani?»

Zenovia akacheka hadi akakalia kreti.
«Mimi,» akasema. «Mimi mzima.»